Aliyeazimwa akikosea, nani ana mamlaka ya kumwadhibu?

Aliyeanzisha uzi ameuliza hivi: mtumishi wa Serikali Kuu ya India ameazimwa na mamlaka ya umma nje ya wizara yake, yaani amepelekwa kufanya kazi huko kwa muda, kafanya kosa akiwa huko, na bosi wa huko anataka kumfukuza. Anaweza? Waliojibu wamegawanyika, nusu wanasema bosi ana kila haki kwa kuwa ndiye anayemsimamia, nusu wanasema hana haki hata ya kumwandikia. Wote wamepata nusu ya jibu.

Jibu liko kwenye Kanuni za Utumishi wa Serikali Kuu (Uainishaji, Usimamizi na Rufaa) za mwaka 1965, kanuni ya 20. Kanuni hiyo inampa aliyeazima, yaani taasisi iliyompokea, mamlaka ya kumsimamisha kazi mtumishi na ya kuendesha mashauri ya nidhamu: kutoa hati ya mashtaka, kuteua mchunguzi, kusikiliza ushahidi, kupokea ripoti. Lakini mamlaka ya kuendesha shauri si mamlaka ya kutoa adhabu yoyote ile, na wengi wanateleza hapo hapo.

Adhabu zimegawanywa makundi mawili kwenye kanuni ya 11. Ndogo ni kama onyo la maandishi, kuzuiwa kupandishwa cheo, kukatwa mshahara kufidia hasara, au kuzuiwa nyongeza ya mshahara. Kubwa ni kushushwa daraja, kustaafishwa kwa lazima, kuondolewa kazini na kufukuzwa. Ripoti ikionyesha kwamba adhabu ndogo inatosha, aliyeazima anaweza kuitoa mwenyewe, ila baada ya kushauriana na mwajiri wa asili, yaani wizara iliyomtoa. Wakitofautiana, hakuna kura wala ubishi wa barua: mtumishi anarudishwa mikononi mwa mwajiri wake. Ikionekana adhabu kubwa inastahili, aliyeazima anafunga mlango wake hapo. Anamrudisha mtumishi, anatuma jalada lote, na mwajiri wa asili ndiye anayeamua. Kama mwajiri huyo mwenyewe si mamlaka ya nidhamu ya mtumishi huyo, yaani mwenye uwezo wa kumpa adhabu hiyo, analipeleka jalada kwa aliye nayo.

Sababu yake si urasimu tu. Ibara ya 311 ya Katiba ya India inakataza mtumishi wa serikali kufukuzwa au kuondolewa kazini na mamlaka iliyo chini ya ile iliyomteua. Aliyeazima hakumteua. Barua ya kufukuza ikitoka kwake, mahakamani inaanguka hata kama kosa limethibitishwa kwa ushahidi usio na shaka, na mtumishi mwizi anarudi kazini kwa sababu ya sahihi isiyo sahihi. Hilo linauma kuliko kosa lenyewe, na linazuilika.

Sasa kwa wanaoshika majalada haya. Kabla ya yote, mwajiri wa asili aarifiwe mara moja mtumishi anaposimamishwa au shauri linapofunguliwa, na barua ieleze mazingira yaliyosababisha. Taasisi nyingi hungoja ripoti ya uchunguzi itoke ndipo ziandike. Kanuni inasema mara moja, na wakili wa mtumishi ataanzia hapo. Barua ya taarifa iwe na tarehe na uthibitisho wa kupokelewa, ikae juu kabisa ya jalada.

Kusimamisha kazi kuna saa yake. Amri hupoteza nguvu baada ya siku 90 isipokuwa imepitiwa na kuongezwa kabla siku hizo hazijaisha, na nyongeza moja haizidi siku 180. Mwaka 2009 Mahakama Kuu Kabisa ya India, katika shauri la Dipak Mali, ilishikilia kwamba mapitio yaliyofanywa baada ya siku 90 hayafufui amri iliyokwisha. Aliyesimamishwa analipwa posho ya kujikimu sawa na mshahara wa likizo ya nusu malipo. Baada ya miezi 3 inaweza kuongezwa au kupunguzwa kwa kiasi kisichozidi nusu ya posho hiyo, kutegemea nani anachelewesha shauri. Nani anailipa kati ya taasisi hizo mbili? Kubalianeni mapema kwa maandishi. Kumnyima posho wakati mnabishana kunaweza kuharibu uchunguzi mzima, kwa sababu atadai hakuwa na uwezo wa kujitetea.

Hati ya mashtaka iidhinishwe na mwenye mamlaka hasa, si mkuu wa utumishi kwa niaba. Uamuzi wa mwaka 2013 katika shauri la B.V. Gopinath ulibatilisha mashtaka ambayo mamlaka ya nidhamu haikuyaidhinisha. Mtumishi apewe siku 15 za kujibu. Na ripoti ikitoka, nakala yake imfikie na apewe siku 15 za kutoa maoni kabla ya uamuzi wowote.

Jalada linalorudishwa liwe kamili: maelezo ya mashahidi, vielelezo halisi, kumbukumbu za kila kikao, utetezi, ripoti. Mwajiri wa asili anaruhusiwa kuamua kwa kumbukumbu hizo hizo, au kufanya uchunguzi zaidi akiona inafaa. Ukituma muhtasari wa kurasa 2, umemlazimisha aanze upya.

Bado kuna hali zinazochanganya. Kosa lililofanyika kabla ya kuazimwa kwa kawaida hushughulikiwa na mwajiri wa asili. Kosa la wakati wa kuazimwa lililogundulika mtumishi akisharudi, shauri linafunguliwa na mwajiri wa asili. Aliyeazima anabaki na wajibu wa kutoa nyaraka na mashahidi. Na aliyekwisha kuajiriwa moja kwa moja na taasisi iliyomwazima si wa kuazimwa tena, kanuni ya 20 haimhusu.

Aliyeuliza: mwambie bosi huyo aendelee na uchunguzi wake kwa umakini, na aandike barua kwa wizara leo, kabla hajaandika nyingine yoyote.