Maswali ya Wasomaji: Knyazi Ni Mfalme, Mwana wa Mfalme, au Nani?

Barua tulizopokea kutoka Lamu na Malindi kuhusu vyeo vya watawala wa kale wa Waslavi zimetosha kujaza safu nzima. Tumeziweka pamoja kwa sababu jibu la moja linahitaji jibu la nyingine.

Assalaam aleikum. Mimi huwatembeza wageni Shela na mji wa Lamu. Mgeni wa Ukraine aliniachia sarafu ya hryvnia 1, akasema sura iliyo juu yake ni ya knyazi Volodymyr. Mwenzake akamtaja kwa Kiingereza, *prince*, neno ambalo shuleni tulifundishwa ni mwana wa mfalme. Baba yake huyu bwana alikuwa mfalme wa wapi?
*Msomaji, Shela*

Wa aleikum salaam. Volodymyr hakuwa mwana wa mfalme anayengoja baba afe. Mwenye nchi ni yeye. Alikaa Kyiv hadi alipofariki mwaka 1015, na mwaka 988 ndio unaotajwa kuwa wa kubatizwa kwake na watu wake. Baba yake, Sviatoslav, naye alikuwa knyazi, na aliyemtangulia vilevile. Juu yao nyumbani hapakuwa na mtu.

Mkanganyiko umeletwa na Kiingereza, ambacho kina neno moja tu la mtawala wa namna hii na la mtoto wa mfalme. Wajerumani wana maneno mawili na hawapotei. Sisi tuliosoma historia ya huko kupitia Kiingereza tumeurithi mkanganyiko huo mzimamzima, ndiyo maana katika tafsiri utakuta "mwana wa mfalme" mwenye ndevu za mvi, wajukuu na jeshi lake mwenyewe.

Waslavi walilichukua jina la knyazi zamani sana kwa majirani zao wa Kijerumani, na asili yake ni ile ile ya neno la Kijerumani la leo la mfalme. Baadaye walipohitaji kuwataja wafalme wa Magharibi waliovikwa taji kanisani walitumia neno jingine, *korol* kwa Kirusi na *król* kwa Kipolandi, ambalo wataalamu wengi wanasema limetokana na jina la Karolo Mkuu, aliyefariki 814. Hapo knyazi akateremka ngazi moja katika orodha za vyeo ingawa mamlaka yake hayakupungua hata chembe. Kilichomtenga na korol ni taji lenye kutambuliwa na wakubwa wa nje. Danylo wa Halych alikuwa knyazi mwenye nguvu kwa miaka mingi, akawa mfalme mwaka 1253 pale mjumbe wa Papa alipomvika taji.

Kuhusu sarafu: Volodymyr alipiga sarafu zake mwenyewe, za dhahabu na za fedha, upande mmoja akiwa yeye kitini na upande wa pili, katika toleo la dhahabu, Kristo. Maandishi yake hayataji cheo chochote. Yanasema tu "Volodymyr yuko kitini", na mengine "Volodymyr, na hii ndiyo dhahabu yake". Ile alama ya meno matatu iliyomo humo ni ya ukoo wake, nayo leo ndiyo nembo ya Ukraine. Mgeni akikuonyesha fulana yenye alama hiyo, sasa unajua ilikotoka.

Shikamoo mhariri. Nafundisha historia, Malindi. Wanafunzi wameniuliza knyazi aliishi kwa nini. Alikuwa na ushuru wa forodha na maliwali kama Sultani wa Unguja?
*Mwalimu, Malindi*

Marahaba, Mwalimu. Katika miaka ya 900 alikula njiani, na kwa bahati tunayo ratiba yake, iliyoandikwa na Kaisari Konstantino wa Saba wa Bizanti katikati ya karne hiyo.

Mwezi wa Novemba maknyazi wa Kyiv waliondoka mjini na watu wao wote kwenda kwenye *poludie*, yaani kuzunguka kwa makabila ya Waslavi yaliyo chini yao: Wadrevlia, Wadregovichi, Wakrivichi, Waseveri na wengine. Walilishwa huko baridi nzima. Aprili barafu ya mto Dnieper ikiyeyuka walirudi Kyiv. Huko walinunua magogo yaliyochongwa mitumbwi na Waslavi wa bara, wakavunja vyombo vyao vikuukuu na kuhamishia makasia na vifaa vyake kwenye vipya. Juni waliteremka hadi Vitichev, wakangoja siku 2 au 3 vyombo vyote vifike, ndipo msafara ukashika njia ya Konstantinopoli. Mabaharia wa Lamu hawahitaji kuelezwa zaidi: barafu ya Dnieper ilifanya kazi ya kaskazi na kusi. Aliyechelewa alikosa msimu.

Shehena ilikuwa manyoya, nta, asali na watumwa. Kwenye poromoko la nne la mto bidhaa zilishushwa, na watumwa wakapitishwa nchi kavu wakiwa katika minyororo kwa maili 6. Mwalimu asiliruke hilo darasani, maana wanafunzi wa pwani hii wana haki ya kujua kwamba biashara ya watu haikuwa ya Bahari ya Hindi peke yake.

Ubovu wa mpango huu ni kwamba kiasi cha kutozwa hakikuwa na mpaka. Mwaka 945 knyazi Igor aliwatoza Wadrevlia, akaanza kurudi nyumbani, kisha njiani akawatanguliza wengi wa watu wake na kugeuka na wachache kwenda kutoza tena. Wadrevlia walishauriana wakasema mbwa mwitu akizoea zizi atamaliza kondoo wote asipouawa, wakamuua karibu na mji wao wa Iskorosten. Mjane wake, Olga, aliwaadhibu vikali, lakini baada ya kisasi alifanya jambo la akili kuliko kisasi chenyewe: alipanga kiasi maalumu cha ushuru na vituo maalumu vya kuukusanyia, badala ya knyazi kuingia nyumba kwa nyumba. Maliwali wa aina fulani, basi, walianzia hapo.

Matumizi makubwa yalikuwa *druzhina*, wapiganaji wanaokula kwake. Hawa hawakuwa watumwa. Wakiona hapalipi, huhamia kwa knyazi mwingine. Tarikh ya Kyiv inasimulia kwamba watu wa Volodymyr walinung'unika karamuni kuwa wanapewa vijiko vya mti. Akaamuru vifuliwe vya fedha, akisema kwa fedha na dhahabu hatapata druzhina, bali kwa druzhina atapata fedha na dhahabu.

Mapato mengine yalitokana na faini. Katika sheria za wana wa Yaroslav, mwana wa Volodymyr aliyekuwa knyazi wa Kyiv, za nusu ya pili ya miaka ya 1000, kumuua msimamizi wa mali ya knyazi kulitozwa grivna (kipimo cha fedha cha wakati huo) 80, mkulima wa kawaida grivna 5. Farasi wa knyazi mwenye chapa alikuwa grivna 3 na wa mkulima grivna 2. Waandikie wanafunzi tarakimu hizo ubaoni, wataelewa kila kitu bila mhadhara.

Nimesoma kuwa mji wa Novgorod ulikuwa ukimwajiri knyazi na kumfukuza. Kweli mji humfukuza mtawala wake?
*Msomaji, Mkomani*

Kweli, na mtu wa Lamu asistaajabu sana, kwani mji huu nao uliendeshwa muda mrefu na wazee wa mitaa ya Zena na Suudi bila kuwa na mfalme wake wa kurithishana.

Mwaka 1136 watu wa Novgorod, mji wa Waslavi ulio mbali kaskazini ya Kyiv, walimkamata knyazi wao Vsevolod, wakamfungia katika ua wa askofu pamoja na mkewe, watoto na mama mkwe wake, na kila siku wakamwekea walinzi 30 wenye silaha. Walimshtaki kwamba hawajali wakulima, kwamba aliwahi kuuacha mji kwenda kutafuta kiti cha Pereyaslavl, na kwamba vitani alitangulia kukimbia. Hawakumwachia aende zake mpaka Julai, knyazi mwingine alipokuwa njiani.

Lakini hawakusema "sasa hatutaki knyazi". Walimhitaji kwa vita, na mahakama ilitaka mtu wa nje asiye na ukoo mjini. Walichofanya ni kumfunga kwa mkataba, akiubusu msalaba kuwa ataushika. Mikataba iliyobaki inaanzia miaka ya 1260, na masharti yake hayana mzaha. Asihukumu kesi bila *posadniki*, mkuu wa mji anayechaguliwa. Asigawe wilaya bila huyo huyo posadniki. Yeye, mkewe na watu wake wasimiliki vijiji katika ardhi ya Novgorod. Biashara na Wajerumani aifanye kupitia wenyeji, na asiifunge nyumba yao ya biashara. Makazi yake yalikuwa Gorodishche, nje ya mji.

Sharti la vijiji ndilo roho ya mkataba wote. Knyazi asiye na shamba hana wapangaji, hana ghala na hana sababu ya kumwachia mwanawe kiti. Siku akifukuzwa anaondoka na farasi zake tu. Mpango uliishi hadi Moscow ilipoutwaa mji mwaka 1478 na kuiondoa kengele iliyokuwa ikiwaita watu barazani.

Dubrovnik, bandari ya Waslavi kwenye bahari ya Adria, ilikaza kamba zaidi. Baada ya kutoka chini ya Venisi mwaka 1358, knezi wao (cheo ni kile kile, matamshi ya kusini) alichaguliwa na waungwana wa mji kwa mwezi 1. Mwezi huo alilala katika jumba la serikali na hakutoka ila kwa shughuli za mji.

Kwa nini mara nyingi kiti cha knyazi alikirithi ndugu badala ya mwana?
*Msomaji, Langoni*

Kwa sababu nchi ilihesabiwa mali ya ukoo mzima. Yaroslav alipofariki 1054, wanawe watano waligawiwa miji kwa umri: Kyiv, Chernigov, Pereyaslavl, Volodymyr ya Volyn, Smolensk. Wa Smolensk alipofariki 1057, ndugu aliyekuwa mji wa Volodymyr alihamishiwa Smolensk. Hapa pwani tuliona jambo la jirani yake pale Majid, Barghash, Khalifa na Ali, wote wana wa Seyyid Said, walipokalia kiti cha Unguja mmoja baada ya mwingine kati ya 1856 na 1893.

Tatizo lilikuwa la yatima. Mtoto ambaye baba yake alikufa kabla ya kufikiwa na zamu alitolewa kwenye mstari, akaitwa *izgoi*. Hao walikuwa na upanga, jina la ukoo na njaa, na wakifika mji huuteka. Mwaka 1097 maknyazi walikutana Liubech wakakubaliana kila mmoja ashike urithi wa baba yake. Mwaka huo huo mmoja wao, Vasilko, alitobolewa macho na wenzake.

Natafsiri makala za historia. Niandike nini kwa Kiswahili?
*Msomaji, Malindi*

Kwanza tazama mwaka, kisha mahali, ndipo uchague neno. Kabla ya 1547 katika nchi za Rus (nchi hizi za maknyazi wa Kyiv, Novgorod na Moscow), andika "mtawala" au uache "knyazi" na kumweleza mara moja tu. "Knyazi mkuu" wa wakati huo ni mkubwa wa maknyazi. Baada ya uvamizi wa Wamongolia alihitaji pia barua ya idhini ya Khan, mtawala wao, iitwayo *yarliki*, iliyofuatwa Sarai, mji wa Khan, kwa zawadi nyingi. Yaroslav mwingine, wa mji wa Vladimir, aliipata 1243, Ivan Kalita wa Moscow 1328. "Mfalme huru" kwa watu hao ni kosa.

Mwaka 1547 Ivan wa Nne alivikwa taji kama tsar, na neno hilo ni Kaisari wetu huyu huyu, kwa hiyo "Kaisari" inafaa. Tangu hapo knyazi wa Urusi ni bwana wa ukoo tu. Kuanzia 1707, Petro Mkuu alipompa Menshikov cheo hicho, hata asiye wa koo za kale aliweza kutunukiwa. Katika riwaya za Kirusi za miaka ya 1800 knyazi anaweza kuwa hana hata nauli. Hapo "mwinyi" inakaa vizuri kuliko "mwana wa mfalme". Na "knyazi mkuu" wa zama hizo ndiye, hatimaye, mtoto, ndugu au mjukuu wa Kaisari. Mwaka 1886 Aleksanda wa Tatu alikiwekea cheo mpaka kwa watoto wa makaisari na wajukuu wa upande wa kiume.

Mke ni *kniaginya*, binti asiyeolewa ni *kniazhna*. Ukiwachanganya, umemwoza mtu baba yake. Ukikutana na knyazi na kniaginya katika nyimbo za harusi za vijijini, usitafute ufalme wao: ni bwana arusi na bibi arusi. Katika Kipolandi chunga herufi: *książę* ni mtawala, *ksiądz* ni padri.

Vyeo vya bani, zhupani na voivoda ndio hao hao maknyazi?
*Msomaji, Lamu*

Hapana. Zhupani alishika wilaya, ingawa Serbia ya miaka ya 1100 ilitawaliwa na "zhupani mkuu", na mwana wa mmoja wao akawa mfalme 1217. Bani alitawala Kroatia na Bosnia chini ya taji la Hungaria, ingawa huko Bosnia ilikuwa kwa maneno zaidi kuliko kwa vitendo. Tvrtko wa Bosnia alitoka ubani hadi ufalme 1377. Voivoda ni kiongozi wa vita, na huko Wallachia na Moldavia, kwa watu wasio Waslavi, akawa mtawala wa nchi. Knezi wa Serbia ndiye aliyeshuka mbali zaidi: Lazar aliyefia Kosovo 1389 alikuwa mtawala mwenye jeshi, lakini chini ya Waturuki jina hilo lilibaki kwa wakuu wa vijiji na wilaya, wanaopeleka kodi na kusemea watu wao. Mwanzoni mwa 1804 maofisa waasi wa Kituruki waliwachinja wengi wa wakuu hao, na waliobaki wakaanzisha vita.