Deodandi: adhabu ya mtu au ya kitu?

Ni ya kitu. Katika sheria ya zamani ya Uingereza, chochote kilichoua mtu kwa ajali, awe farasi au mkokoteni, kilitwaliwa na Taji, yaani serikali ya mfalme. Jina limetoka kwenye Kilatini Deo dandum, yaani cha kupewa Mungu, kwa kuwa thamani yake ilikusudiwa sadaka. Juri, yaani jopo la raia lililochunguza kifo, ilikadiria bei, na mwenye mali alilipa hata kama hakukosea lolote.

Wengi hukosea kwenye suala la mwendo. Mtu akipanda gurudumu la mkokoteni uliosimama, akaanguka akafa, lilitwaliwa gurudumu peke yake. Mkokoteni ukiwa unatembea, ulitwaliwa mzima pamoja na mzigo, maana uzito wa mzigo ndio ulioongeza nguvu ya gurudumu.

Reli ndizo zilizoimaliza deodandi. Baada ya ajali ya treni ya Sonning Cutting, Uingereza, Desemba 1841, juri ilitoza kampuni ya reli pauni 1,000. Bunge likaifuta deodandi 1846, na mwaka huohuo sheria nyingine ikazipa familia za marehemu haki ya fidia, haki ambayo kabla ya hapo hazikuwa nayo kabisa. Sura ya 32 ya Sheria za Kenya, kuhusu ajali za vifo, inafuata mkondo huo.