Kesi ya talaka imefunguliwa Dar, wewe uko Bukoba: namna ya kuomba ihamishwe

Dada, nimeisoma mada yako. Mumeo amefungua shauri la talaka mahakama ya mwanzo Dar, wewe umesharudi kwa wazazi Bukoba, mtoto bado ananyonya, na unauliza kama kesi inaweza kuhamia huko. Inaweza. Yangu ilitoka Dar ikaja Songea. Ila hao waliokujibu hapo juu "waambie tu ni mbali" wanakupoteza.

Kabla hujatafuta hela ya wakili, omba nakala ya madai uangalie kama yameambatishwa hati ya Baraza la Usuluhishi la Ndoa, ile inayosema usuluhishi umeshindikana. Kifungu cha 101 cha Sheria ya Ndoa ya 1971 kinataka mgogoro upite barazani kwanza, isipokuwa kwa sababu chache zilizotajwa humo, na cha 106 kinataka hati yenyewe isiwe na zaidi ya miezi sita. Kama haipo, na sababu hizo hazipo, usihangaike kuhamisha kitu. Weka pingamizi, shauri liondolewe, arudi kuanza upya.

Kama ipo, kifungu chako ni cha 47 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu. Shauri la mahakama ya mwanzo linaweza kuhamishwa wakati wowote kabla ya hukumu. Mahakama ya wilaya ina uwezo huo, na Mahakama Kuu pia. Sisi tulikwenda Mahakama Kuu kwa sababu tulitaka livuke mkoa. Sasa kisome taratibu: hakuna kinapotaja urahisi wa mke wala wa mume. Kinataja uzito wa shauri, mipaka ya mahakama, mambo ya sheria za kimila na Kiislamu, na hili ndilo letu: kuwepo sababu ya kuamini kwamba haki haitatendeka likibaki lilipo. Kilomita peke yake hazikusaidii. Onyesha zinaiharibu vipi kesi yako.

Rasimu ya kwanza ya kiapo changu, yaani maelezo ya maandishi yanayounga mkono maombi, ilijaa nauli na uchovu wa basi. Wakili aliikata karibu yote. Akaniuliza nyumba iko wapi, nani alikuona ukijenga. Nyumba iko Songea, fundi yuko Songea, jirani aliyekuwa akipokea tofali nikiwa kazini yuko Songea. Tukaandika hivyo: mali inayogombaniwa iko huku, mashahidi wa mchango wangu wako huku, hawana uwezo wa kusafiri, na mahakama ikitaka kuiona nyumba italazimika kuja huku huku. Mtoto alipata aya moja, na kadi ya kliniki ikaambatishwa. Kwenye mgawanyo wa mali chini ya kifungu cha 114 cha Sheria ya Ndoa kinachopimwa ni mchango. Hata kazi za nyumbani zinahesabika tangu uamuzi wa Mahakama ya Rufani katika kesi ya Bi Hawa Mohamed wa 1983, lakini lazima mtu aje aseme.

Mwenzangu alileta kiapo kinzani akisema yuko tayari kunilipia nauli. Ujanja mzuri, nakiri. Tulijibu kwamba nauli yangu haiwaleti mashahidi. Jiandae pia kuulizwa kuhusu kusikilizwa kwa video, maana kanuni za 2021 zinaruhusu. Ikikubalika na mashahidi wako wanafika kituo cha mahakama kilicho karibu, mimi ningeichukua bila kubishana.

Wanaume mnaosoma, kifungu hakina jinsia. Kama wewe ndiye unayelea watoto na mke ndiye aliyefungua mbali, hoja ni zile zile. Wakenya wanatumia kifungu cha 18 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai, na huko wanashikilia uamuzi wa kesi ya Kagenyi na Musiramo wa 1968: kesi iliyofunguliwa mahakama isiyo na mamlaka haihamishiki.

Jambo la mwisho, na ndilo linaloumiza wengi: kufungua maombi hakusimamishi kesi ya Dar. Tarehe ikifika na hujatokea, mwenzako ataomba isikilizwe upande mmoja, na hukumu ikitoka hakuna tena cha kuhamisha. Peleka nakala ya maombi kwenye jalada la kule, uombe kwa maandishi iahirishwe. Ukipata amri, fuatilia masijala zote mbili mpaka uambiwe jalada limepokelewa na limepewa namba mpya. Langu lilikaa Dar muda mrefu baada ya amri kutoka, kwa sababu tu hakuna aliyekwenda kuliulizia.