Umealikwa kuzungumza kwenye filamu ya makala? Anza na karatasi

Msomaji wa Wete ameombwa azungumze kwenye filamu ya makala inayohusu uwazi wa Serikali na uhuru wa kusema. Anauliza aseme nini. Mimi namuuliza kwanza: una karatasi gani mkononi?

Tuhuma isiyo na karatasi mhariri huikata, na asipoikata inakurudia wewe. Tafuta ripoti ya Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali wa Zanzibar iliyokwishafika Baraza la Wawakilishi, unukuu mwaka wa fedha, ukurasa na hoja yenyewe. Ukiomba taarifa kwenye ofisi ya Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar (SMZ), usitegemee Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016, hiyo ni ya Tanzania Bara. Taja kifungu cha 18 cha Katiba ya Zanzibar ya 1984. Peleka nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa na tarehe, urudi nayo nyumbani. Barua ikikosa majibu, muhuri ule utaonekana vizuri sana kwenye kamera.

Fomu ya ridhaa usiisaini wima huku gari inakusubiri. Omba ulale nayo. Mtayarishaji hatakupa mamlaka juu ya filamu yake, na ni haki yake, lakini kukuonesha sehemu yako ukague ukweli wake ni jambo la kuombwa na kuandikwa humo humo.

Sasa kubwa zaidi, hasa kwa mtumishi wa umma anayetaka afichwe. Kivuli usoni hakitoshi. Sauti iliyoteremshwa kwa programu huweza kurudishwa ilivyokuwa, kwa hiyo maneno yako yasomwe na mtu mwengine. Tena asiwe na lafudhi yako: mtu wa Makunduchi akifungua mdomo tu, Unguja nzima inajua katokea wapi. Vua pete na saa. Msirikodi chumbani kwako, maana pazia, dirisha na adhana ya msikiti wa jirani vinataja mtaa. Waraka nao una mdomo. Nambari ya kumbukumbu, saini ya aliyepokea, mstari uliopigwa kwa kalamu ya kijani, vyote vinaonesha nakala imetoka meza ya nani. Maneno yake yapigwe chapa upya, picha ya waraka isionekane kabisa. Hapa usikubali kubembelezwa, hata kama mwongozaji ni rafiki yako.

Siku ya kurikodi, tenga "nilikiona" na "niliambiwa" katika kila jibu. Rejea swali ndani ya jibu lako, kwa sababu sauti ya muulizaji kwa kawaida huondolewa. Feni izimwe, simu zitolewe nje. Maikrofoni ya kubana ikikaa chini ya buibui itakwaruza kila ukipumua, basi ibanwe juu ya mtandio, shubiri moja chini ya kidevu.