Taa ya AFS Ikipepesa Kwenye Harrier, Anza Kutazama Nyuma

Wiki iliyopita nilipata ujumbe wa kaka mmoja wa Dodoma. Ana Toyota Harrier ya mwaka 2005, ile tunayoiita tako la nyani, na tangu alipotoka kuiinua kwa spesa, vile vipande vinavyofungwa kwenye suspensheni ili gari likae juu, taa ya AFS OFF kwenye dashibodi (AFS ni mfumo wa taa za mbele zinazogeuka kufuata usukani) inawaka na kuzima bila kukoma. Fundi amemwambia taa zote mbili za mbele zimekufa, atafute nyingine, na bei aliyotajiwa ni ya kukatisha tamaa. Mwisho akauliza, "Dada, ninunue au nivumilie tu?"

Usinunue, kaka yangu, na kuvumilia usivumilie. Maneno hayo na mimi niliambiwa, karibu neno kwa neno, kwenye gereji moja kubwa hapa Dar ambayo sitaitaja. Fundi mkuu aliingiza kichwa dirishani, akaitazama dashibodi, boneti hata hakuigusa, akasema, "Dada, magari ya Mjapani yakishafika umri huu taa zinajifia zenyewe. Leta hela tukuagizie." Nikamuuliza amejuaje kuwa ni taa. Akacheka, akataka kujua kama shemeji yupo waongee naye. Bei aliyonitajia ilizidi mshahara wangu wa mwezi. Nikalipa hela yao ya ukaguzi, nikaondoka, na mpaka leo nikipita barabara ile napandisha kioo.

Leo Harrier yangu inageuza taa zake vizuri kabisa, na taa zenyewe ni zile zile ilizokuja nazo kutoka Japani. Ninajivunia jambo hilo na sioni haya kulisema.

Harrier hii ya kizazi cha pili iliingia sokoni Japani mwaka 2003 na ikaendelea kuuzwa mpaka 2013, ilipokuja nyingine. Si zote zina AFS. Zilizo nayo, taa za dimu hazitazami mbele tu. Ukikata kona usiku, ile lenzi ya ndani inageuka kufuata usukani, mwanga ukatangulia kule unakoelekea. Wazo lenyewe ni la zamani, gari la Kifaransa Citroën DS lilikuwa na taa zinazofuata usukani tangu 1967, ila Toyota wameweka mota na kontrolboksi. Mfumo huo huo pia unashusha na kupandisha mwanga kulingana na mzigo. Ukijaza buti magunia ya viazi, gari linakaa chini nyuma na pua inapanda juu, hapo taa zinatakiwa zijishushe zenyewe zisimpofue anayekuja.

Kwa nini nililivalia njuga? Kwetu ni Njombe. Anayeijua njia hiyo anaujua Mlima Kitonga, upande mmoja mwamba, upande wa pili bonde, kona juu ya kona, na malori ya Zambia na Kongo yanapanda taratibu mbele yako na mengine yanashuka kukukabili. Nilipanda Kitonga usiku wakati taa zimeganda. Kila kona ya kushoto, mwanga wangu ulikwenda kumulika ukingo wa kulia, na barabara yenyewe, pale magurudumu yanapokwenda kukanyaga, ikabaki giza. Lori lililosimama bila kuweka matawi wala pembetatu, ningeliona nikiwa nimeshalifikia. Watoto walikuwa wamelala kiti cha nyuma. Sikusema kitu mpaka tulipotokea Ilula, ila nilikuwa nimeshaamua kwamba nikirudi Dar situlii mpaka nijue tatizo ni nini.

Sasa sikiliza vizuri, maana hapa ndipo pesa za watu zinapopotelea. Taa za AFS hazijui kitu zenyewe. Zinasubiri habari kutoka kwenye sensa, yaani vifaa vidogo vinavyopima na kutoa taarifa. Sensa ya usukani inasema umekata kiasi gani, sensa za magurudumu zinasema unakwenda kasi gani, na sensa ya kimo cha gari, iliyofungwa nyuma kwenye suspensheni, inasema gari limelala kiasi gani. Habari moja ikikosekana au ikija isiyoaminika, kontrolboksi inasimamisha kazi ya kugeuza taa na kukupepesea ile AFS OFF. Taa zako zinaweza kuwa nzima kabisa, zimekaa zinasubiri taarifa kutoka kwenye kitu kidogo kilichooza huko uvunguni.

Kabla ya yote angalia hiyo taa ya dashibodi inawaka namna gani. Ikiwaka mfululizo bila kupepesa, mara nyingi kuna mtu kabonyeza swichi ya AFS OFF, mtoto au muosha magari. Bonyeza tena, yameisha. Ikipepesa, hapo ndipo kuna hitilafu. Halafu tazama majirani zake. Kama taa ya ABS (mfumo wa breki) au VSC (mfumo wa kuzuia gari kuteleza) nayo inawaka, achana na AFS kwanza, kashughulikie ABS, kwa sababu kasi ya gari AFS inaipata huko huko. Wapo waliobadilisha sensa ya gurudumu moja, taa zote za dashibodi zikazima pamoja.

Kwangu ABS ilikuwa kimya. AFS peke yake ndiyo ilikuwa inapepesa.

Nikampata fundi umeme mmoja wa Tabata, kijana mtulivu, mwenye mashine inayosoma Toyota mpaka ndani. Hili naomba lizingatiwe. Vile vidude vya bei rahisi vya bluetooth tunavyonunua Kariakoo vinasoma injini. Habari za AFS kwa kawaida havizifikii. Ukipima nacho kikakwambia hakuna kosa, usiamini. Mashine ya fundi ilitoa kodi, yaani namba ya kosa, B2416, inayohusu sensa ya kimo cha gari. Kijana akanigeuzia kioo niisome mwenyewe. Hakuna aliyewahi kufanya hivyo kwangu gereji. Akasema, "Dada, taa zako sijaona shida. Twende chini tukaangalie."

Gari likapandishwa jeki, likawekewa stendi, magurudumu ya mbele yakazibwa na mawe. Tukalala chali mimi na yeye, na tochi. Sensa yenyewe ni kiboksi cheusi cha plastiki, si kikubwa kuliko kiberiti, kimefungwa kwenye bodi karibu na gurudumu la nyuma. Kina kimkono, na kimkono kimeungwa kwa linki nyembamba ya chuma hadi kwenye mkono wa suspensheni. Suspensheni ikipanda, linki inasukuma, kimkono kinazunguka. Basi. Hiyo ndiyo teknolojia yote.

Linki yangu ilikuwa imepinda. Vile vigololi vya ncha mbili, vinavyotakiwa kucheza kwa kidole, vimeshikana kwa kutu. Nilijaribu kuzungusha kimkono kwa vidole viwili, hakikusogea. Na sababu ilikuwa inaonekana waziwazi, kwa sababu juu yake kulikuwa na spesa mpya nilizofungiwa miezi michache nyuma ili gari lisigonge matuta ya mtaani kwetu. Suspensheni ilishushwa chini kuliko linki inavyofika, linki ikavutwa mpaka ikajikunja, na aliyefunga spesa hakuangalia wala hakuniambia. Yule kijana wa Tabata akachomoa soketi. Kati ya pini tatu, moja ilikuwa imevaa unga wa kijani, ile kutu ya shaba tunayoijua sote tunaokaa karibu na bahari.

Hapo nikajifunza kupima na mita, na nakusihi na wewe ujifunze, mita ni rahisi kuliko kikao kimoja cha kudanganywa. Pini tatu ni umeme unaoingia, hasi, na waya wa taarifa. Swichi ya gari ikiwa on, kati ya waya wa kuingia na hasi unatakiwa upate kama volti 5. Usipopata, tatizo ni waya au fyuzi, usinunue sensa. Ukipata, rudisha soketi, choma ncha ya mita nyuma ya waya wa taarifa, kisha, linki ikiwa imefunguliwa, zungusha kimkono taratibu kutoka chini kwenda juu. Volti zinatakiwa zipande au zishuke taratibu bila kuruka, na kimkono kikiwa katikati zinakaa karibu na 2.5. Zikiruka, zikipotea, zikigoma kusogea, sensa imechoka. Ya kwangu ilikuwa inapanda vizuri, inafika sehemu moja inaanguka sifuri, halafu inarudi. Nilirudia kuizungusha kwa raha tu, kwa sababu kwa mara ya kwanza nilikuwa nauona ugonjwa kwa macho yangu badala ya kuambiwa.

Tulipata sensa used pamoja na linki yake kwa wauza spea wa mtaa wa Gerezani, hapa Dar. Tuliipima pale pale dukani kwa mita na betri, na muuzaji alinuna kidogo. Akinuna, anune.

Sasa kuna jambo ambalo mafundi wengi wanaliruka. Ukishafunga sensa, gari linatakiwa liambiwe upya kimo chake cha kawaida ni kipi. Kazi hiyo inafanywa na mashine, gari likiwa tupu, upepo wa tairi sawasawa, limesimama mahali tambarare. Ukiwa umeinua gari kwa spesa, ndiyo kabisa, maana kimo kimebadilika, na linki nayo itafutiwe urefu au shikio lake lisogezwe ili kimkono kikae katikati gari likiwa limetua chini. Sensa ya usukani nayo ina sifuri yake. Kama AFS ilianza kupepesa baada ya kuchomoa betri, kubadilisha steering rack au kufanya alaimenti (kunyoosha mwelekeo wa magurudumu), fundi aanze na kuisetia sifuri usukani ukiwa umenyooka. Wapo waliouziwa taa kwa kosa la dakika chache la alaimenti.

Nyaraka zipo pia. Kitabu cha Harrier ni cha Kijapani, lakini gari hilo hilo Marekani liliuzwa kama Lexus RX330, na vitabu vyake vya ufundi vipo kwa Kiingereza. Tafuta kwa jina hilo, ukumbuke tu wao usukani uko kushoto.

Na ikitokea kweli taa ndiyo mbovu? Inatokea, sikatai. Mota ya kugeuza huchoka, au taa ilipasuka kwenye ajali ikaingia maji. Ila fundi akuthibitishie. Mashine nzuri inaweza kuiamuru taa igeuke kushoto na kulia gari likiwa limesimama. Egesha mbele ya ukuta jioni, tazama mwanga. Taa moja ikitii na nyingine ikagoma, na waya zake zimepimwa ni nzima, hapo una sababu ya kutoa pesa. Wewe mwenyewe usifungue nyuma ya taa hizi wakati zimewashwa. Ni xenon, taa za gesi, na zinapoanza kuwaka umeme wake unafika kama volti 20,000.

Nimelisema hili mara nyingi na nitaendelea: mwambie fundi akuonyeshe. Asiyetaka kukuonyesha mwondokee. Dada zangu hasa, msikubali kuulizwa shemeji yuko wapi. Gari ni lako, kadi ina jina lako, maisha yaliyomo ndani ni ya wanao. Uliza swali, uliza tena, simama hapo hapo. Sikuzaliwa nikijua sensa ni nini. Niliuliza.

Na tuache kuficha ugonjwa. Kuna watu wanabandika utepe mweusi juu ya taa ya AFS. Kuna wanaotoa xenon na kuchomeka LED za bei chee ndani ya lenzi ambayo haikutengenezwa kwa LED, mwanga unatawanyika mpaka kwenye miti, halafu wanajisifu kwamba sasa wanaona vizuri. Wewe unaona, na mwenye bodaboda anayekuja mbele yako haoni kitu. Ni dhambi hiyo, nasema bila kumung'unya maneno. Taa ikielekezwa sawa, ndiyo inakulinda wewe na yeye.

Kwa mnaojipanga kununua Harrier kabla ya Desemba, na najua mpo wengi: kwenye yadi au kwa mtu, washa swichi bila kuwasha injini na utazame dashibodi. Taa ya AFS OFF inatakiwa iwake kidogo pamoja na zingine, kisha izime. Isipowaka kabisa na swichi ya AFS ipo, uliza nani kaichomoa. Fungua boneti uangalie nyuma ya taa zote mbili, soketi zifanane kushoto na kulia, maana ziko zilizoibiwa taa zikawekewa za Harrier isiyo na AFS. Kisha inama nyuma na tochi ya simu, kitafute kile kiboksi cheusi, ushike linki yake uitikise. Ikiwa imeganda au haipo, mpe muuzaji hesabu ya sensa na usetiaji wake, na uipunguze kwenye bei kabla hujatoa shilingi.