Mkuu, usilipie hiyo kozi ya kukopi solo

Usilipie hiyo kozi, mkuu. Umesema umepiga gitaa la solo kwenye bendi ya hoteli miaka mingi, sasa unataka mlio wako mwenyewe, halafu mpango wako ni kumeza solo za Franco na Dr Nico, wale wapiga gitaa wa rumba ya Kongo, noti kwa noti kila jioni? Hiyo si ndiyo kazi unayoifanya hotelini?

Kiongozi wangu wa bendi aliniambia hivyohivyo: "Wewe kopi tu, chako kitakuja chenyewe." Hakikuja. Vidole vilizoea sebene za watu, zile sehemu za gitaa za kuchezesha watu, hadi siku mwimbaji aliponiachia nafasi studio nimjibu, kilichotoka ni Nico. Tukarudia, Nico tena. Fundi mitambo akauliza kama sina kingine. Yule kiongozi wa bendi alijua anachofanya: bendi ya kukopi inataka mpiga solo anayefanana na kaseti. Alijipatia kaseti yake. Inaniuma hadi leo, maana vijana bado wanalishwa maneno yaleyale.

Kanuni yangu ni moja: usijifunze gitaa kutoka kwenye gitaa. Angalia benga, muziki wa gitaa wa Wajaluo. Rumba ya Kongo Wajaluo waliisikia kama sisi, lakini walichotia kwenye gitaa ni nyatiti, ala yao ya nyuzi nane ambayo mpigaji huigonga kwa pete ya chuma aliyovaa kidoleni mguuni. Sikiliza Shirati Jazz, bendi ya benga ya D.O. Misiani: gitaa linadonoa noti mojamoja, linamfuata mwimbaji kila anapokwenda.

Wewe umekulia Dodoma, una ilimba, ile ya vibao vya chuma vya kudonoa kwa vidole, na zeze la nyuzi la kupigwa kwa upinde, vyote vya Wagogo! Chukua dakika moja ya zeze, iimbe kwa mdomo hadi pumzi ikae sawa, ndipo ushike gitaa, tena kwenye uzi mmoja. Utafika mahali zeze linateleza katikati ya noti mbili na gitaa linagoma. Hapo ndipo ukae, hata wiki nzima. Vuta uzi, telezesha kidole, badilisha hata nyuzi zenyewe. Wakongo walitoa uzi wa nne wakaweka mwembamba unaolia oktavu moja juu, wakapata gitaa la mi-composé. Usikimbilie skeli kutafuta jibu, zitakurudisha hotelini.

Ukishapata hata vipande viwili, rekodi kwa simu utuwekee hapa kabla hujavilainisha. Nitasikiliza vyote.