Bacula na poti 9102: angalia nani kawahi kukaa

Mkuu wa Tanga, umesema Bacula, programu yenu ya bekapu, ilikuwa inapiga kazi vizuri mpaka mlipofunga Prometheus ya kufuatilia seva, na sasa siku nyingine bekapu inapita, siku nyingine inagoma. Hilo la "siku nyingine" ndilo linalonifanya nishuku poti (namba ya mlango ambao programu husikilizia mtandao) kabla ya diski.

Bacula ina poti zake tangu zamani: bacula-dir (msimamizi anayetoa amri) 9101, bacula-fd (anayekaa kwenye mashine inayobekapiwa) 9102, bacula-sd (mtunza hifadhi) 9103. Sasa eksipota za Prometheus, yaani viprogramu vinavyoipa vipimo: ya HAProxy huja na 9101, ya StatsD 9102, ya collectd 9103. Zote tatu! Poti moja kwenye anwani moja haikaliwi na programu mbili, anayewahi ndiye mwenye nyumba. Umeme ukikatika na seva ikawaka upya, mbio zinaanza tena. Ndiyo maana fundi akirisiti anadhani kaponya.

Nilikutana nayo kwenye ofisi moja Chumbageni. Logi ya bacula-dir ililalamika kwamba nywila hazifanani, jamaa wakakesha wanabadilisha nywila ambazo hazikuwa na kosa lolote. Kumbe bacula-dir anapiga hodi 9102, anayefungua ni eksipota, hawaelewani.

Kwa hiyo nywila ziache kwanza. Andika hivi, uone nani anasikiliza poti hizo:

sudo ss -ltnp | grep -E ':910[1-3]'

Bila sudo huenda usione jina la programu, na jina ndilo unalolitafuta. Ukikuta statsd_exporter kwenye 9102, umempata.

Hamisha eksipota, Bacula iache ilipo. Wapo watakaokwambia ubadilishe FDPort, yaani poti ya bacula-fd. Inawezekana, ila itabidi uiguse pia kwenye mipangilio ya bacula-dir na fayawoli, na atakayerithi hiyo seva atakulaani. Eksipota unaipa tu --web.listen-address=":19102", unarekebisha poti hiyo kwenye prometheus.yml, unawasha upya eksipota na Prometheus, kisha bacula-fd. Usichague namba kuanzia 32768, huko Linux kwa kawaida hujigawia yenyewe.

Ingia bconsole, sehemu ya kuipa Bacula amri, piga status client. Ikijibu, risiti seva makusudi mchana watu wakiwa ofisini, upime tena.

Na kama ss inaonyesha bacula-fd kwenye 127.0.0.1:9102, hapo hakuna mgongano: inasikiliza ndani ya seva yenyewe tu. Tazama FDAddress, anwani aliyopangiwa bacula-fd kusikiliza. Ikishindikana, bandika hapa matokeo ya ss.